Safari ya posa: kutoka kwa Wakorino wa Nakuru hadi msikiti wa Mumias

Jumapili, Nakuru

Binti wa kaka yangu ameposwa na kijana wa Mumias. Sisi ni Wamaragoli, Marafiki kwa dini, yaani Wakweka, tangu babu yangu. Wao ni Wawanga, Waislamu tangu enzi za mfalme wao, Nabongo Mumia. Walishakuja Vihiga na barua yao, wakapokewa vizuri. Sasa ni zamu yetu kwenda kuona boma lao na kuzungumza. Kikao ni Ijumaa, na kwetu senge, yaani shangazi, hakosi kikao cha namna hiyo. Shule zimefungwa, kwa hiyo nimeamua kwenda polepole, nikipitia kwa watu ninaotaka kuwauliza swali ambalo halijaniacha tangu barua ile ifike: mtu anayeoa au kuolewa nje ya dini yake, anavuka mpaka wa imani peke yake, au anavuka mpaka wa watu wake pia?

Nimeanza na mama mkwe. Mume wangu ni Mkikuyu, na mama yake ni Mkorino, mwenye kilemba cheupe tangu utotoni. Asubuhi nilimsindikiza kanisani upande wa Free Area. Viatu huachwa mlangoni, wanaume wanakaa huku na wanawake kule, ngoma inapigwa, na waumini wanaimba huku wakirukaruka kwa pamoja hadi jasho linawatoka. Nimekuwa mke katika nyumba hii miaka mingi na bado nyimbo hizo hunisisimua, ingawa nusu ya maneno yananipita.

Wakorino walichipuka katika nchi ya Wakikuyu miaka ya 1920, wakati misheni za Wazungu zilipokuwa zikivutana na waumini wao juu ya mila. Agano Jipya la Kikikuyu lilitoka mwaka 1926, na watu wakaanza kujisomea bila kusubiri tafsiri ya mmishonari. Waliomba kwa mikono iliyoinuliwa, wakakataa mavazi ya kigeni, wengine wakakataa hospitali na shule. Serikali ya mkoloni iliwaona kuwa hatari, na mwaka 1934 polisi waliwaua watatu kwa risasi katika msitu wa Ndarugu. Dini hii, basi, ilizaliwa ndani ya maumivu ya watu fulani, waliokuwa wakipoteza ardhi yao. Hata kama Injili yao ni ya ulimwengu wote, maumivu yale yalikuwa na anwani.

Baada ya ibada nilimuuliza mama mkwe, Cucu (bibi) wa nyumba yetu, kama Mjaluo au Mkamba anaweza kuwa Mkorino.

"Wapo," Cucu alisema. "Mungu hamkatai mtu. Lakini akija, ataimba nini? Nyimbo zetu ni za Gikuyu."

Nikamwambia kuhusu posa. Alinyamaza, akamimina chai, kisha akanikumbusha kwamba mimi mwenyewe nilipoletwa kwake hakuniuliza kilemba. "Nilikuuliza kama utakaa na sisi. Ruthu alimwambia nini Naomi?"

Usiku nilifungua Biblia pale. Ruthu Mmoabu anamwambia mama mkwe wake: watu wako watakuwa watu wangu, na Mungu wako atakuwa Mungu wangu. Anataja watu kwanza, halafu Mungu. Nimefundisha kifungu hicho darasani mara nyingi na sikuwahi kuupa uzito mpangilio huo. Bibi asiyekwenda shule ameuona kabla yangu.

Jumatatu, Kericho

Matatu ilijaa upesi. Tulipopita Mau Summit watu walikuwa wakizungumzia bei ya viazi, na mimi nilikuwa nikitazama mashamba yale nikikumbuka ghasia za baada ya uchaguzi, Januari 2008. Nilikuwa Nakuru wakati huo. Tulipokea watu waliofukuzwa kutoka kila upande, na wengi wao walikuwa wamefukuzwa na waumini wenzao wa madhehebu yaleyale, wanaosoma Biblia ileile. Siku ya mwaka mpya kanisa la Kiambaa, karibu na Eldoret, lilichomwa moto pamoja na Wakikuyu waliokuwa wamekimbilia ndani, wengi wao wanawake na watoto. Baadaye mwaka huohuo Baraza la Kitaifa la Makanisa lilikiri hadharani kwamba viongozi wa makanisa walikuwa wameegemea pande za kikabila, ndiyo maana sauti yao haikusikika. Ungamo hilo lilikuwa la lazima na bado naliheshimu. Ndilo linalonifanya nisikubali kuambiwa kwamba suala hili la dini na kabila ni la wasomi.

Kericho nilipokewa na mwanafunzi wangu wa zamani, kijana wa Kipsigis anayefanya kazi katika ofisi ya chai. Nilimwomba anipeleke kwa Makalasinga. Hekalu lao la Kericho ni mojawapo ya makubwa zaidi barani, na wageni hutoka Uingereza kuja kulizuru kwa sababu ya Puran Singh, mtu wa sala aliyeishi hapa miaka mingi kabla ya kuhamia huko miaka ya 1970. Tulivua viatu, tukafunika vichwa, tukanawa. Ukumbini, kitabu chao kitakatifu kimewekwa mahali pa heshima chini ya pazia, na mtu anakipepea kwa usinga kama anavyopepewa mfalme. Kwao kitabu hicho ndicho Guru, yaani mwalimu wao wa kiroho.

Kisha tukala. Chakula cha hekaluni hakilipiwi na hakichagui mtu: unakaa chini pamoja na tajiri na kibarua, mnapewa chapati, dengu, mboga na chai ya maziwa iliyokolea viungo. Waliokaa mstari wetu walikuwa Wapunjabi wachache, wafanyakazi wa chai wawili, mwendesha boda na mama mmoja na watoto wake. Mwanafunzi wangu alikula kama mtu aliye nyumbani.

Mzee mmoja wa Kikalasinga alikuja kutusalimu. Alitamka Kiswahili safi cha bara, akamsalimu mwenzangu kwa Kikipsigis. Baba yake pia alizaliwa hapa. Babu ndiye aliyekuja na reli. Wahindi zaidi ya 30,000 waliletwa kujenga reli iliyofika Kisumu Desemba 1901. Takriban 2,500 walifia kazini, wengi wakarudi kwao, na wasiofika 7,000 wakabaki.

Nilimuuliza waziwazi: dini yenu ni ya watu wote, au ni ya Wapunjabi?

Alijibu bila kuudhika. Guru Nanak, mwanzilishi wa dini yao, aliyezaliwa mwaka 1469, alikataa kumpima mtu kwa tabaka wala kwa dini aliyozaliwa nayo. Ndani ya kitabu kile mna tungo za watakatifu wa Kihindu na za Waislamu, Sheikh Farid akiwemo. Hekalu kuu la Amritsar lina milango minne, watu waingie kutoka kila upande. Mwaka 1699 Guru Gobind Singh alipoanzisha Khalsa, jumuiya ya waumini waliojitoa rasmi, wanaume wakaitwa Singh na wanawake Kaur ili jina la tabaka lipotee.

"Na Wakipsigis?" niliuliza. "Wangapi wamejiunga?"

"Wanakuja, wanakula, wanasaidia jikoni. Kujiunga kabisa, hapa kwetu sijamwona." Akafikiri kidogo. "Maombi ni ya Kipunjabi. Na kijana wetu akitaka kuoa, simu inapigwa Nairobi, Birmingham au Punjab. Milango minne iko wazi, mama. Lakini mtu haingii nyumba ya watu kwa mlango tu."

Alikiri pia jambo ambalo hakulazimika kulikiri: tabaka halikupotea. Nairobi kuna hekalu la Waramgarhia, ukoo wa mafundi seremala na wahunzi, watu waliohitajiwa sana na reli. Dini iliyofuta majina ya koo ilifika Afrika ikiwa na koo zake mizigoni.

Sheria za nchi nyingine zimelishughulikia jambo hili kwa namna zinazonishangaza. Uingereza mvulana mmoja wa Kikalasinga alinyimwa nafasi shuleni kwa sababu ya kilemba; kesi ikapanda hadi Baraza la Malodi, na mwaka 1983 majaji wakaamua kwamba Makalasinga ni kabila mbele ya sheria, kwa sababu wana historia ndefu ya pamoja na utamaduni wao wenyewe. Wayahudi walikuwa na hadhi hiyohiyo. Waislamu na Wakristo hawakuwa nayo, kwa kuwa wao ni mataifa mengi. Malaysia wamepita njia ya kinyume: katiba, kifungu cha 160, inamtambua Mmalay kuwa mtu anayefuata Uislamu, anayezungumza Kimalay na kushika mila za Kimalay. Kule ukiiacha dini, umeliacha na kabila, kwa maandishi. Sisi Kenya mwaka 2017 serikali iliwatangaza raia wenye asili ya Asia kuwa kabila la 44, Wahindu, Waislamu, Makalasinga, Waismaili na Wakatoliki wa Goa wote wakatiwa ndani ya jina moja. Nadhani waliotangaza walitaka kuwakaribisha, na walifanya vema. Ila ndani ya kabila hilo moja kuna watu ambao hawawezi kuozana.

Jumanne, Kisumu

Joto la Kisumu lilinipokea kuanzia Ahero. Mwenyeji wangu ni mwalimu mwenzangu wa zamani, Mnubi wa Kibos. Bibi yake, ambaye jamii nzima humwita haboba, alikuwa amevaa gurbaba na kuketi barazani akiamrisha watu. Tulikula gurusa na mchuzi, na nikamweleza ninachokitafuta.

"Basi umefika," mwenzangu alisema. "Sisi dini ndiyo iliyotuzaa."

Babu zao walikuwa askari wa Sudani ambao Waingereza waliwachukua miaka ya 1890 kutoka mabaki ya jeshi la Emin Pasha, aliyekuwa gavana wa Misri kusini mwa Sudani, wakawapigania na kuwalindia koloni kutoka Uganda hadi pwani. Hawakuwa kabila moja. Walikuwa Wabari, Walugbara, Wamundu, Wamakaraka na wengine, waliotolewa kwao kwa vita na utumwa. Kambini walipata mambo mawili ya pamoja: Uislamu, na Kiarabu cha jeshi ambacho leo ni Kinubi, lugha kamili yenye sarufi yake. Wanawake waliowaoa, kutoka makabila ya huku, waliingia dini na wakawa Wanubi. Kizazi cha tatu hakuna aliyeuliza tena nani alikuwa Mbari.

Wazo hili lilinikaa. Tumezoea kuona kabila likiingia dini. Hapa dini ilikusanya watu waliopoteza makabila yao, ikawapa majina, maziko, vyakula, harusi, na hatimaye kabila. Yugoslavia nako, watu wanaozungumza lugha moja waligawanyika kuwa Waserbia, Wakroati na Wabosnia kwa misingi ya Uothodoksi, Ukatoliki na Uislamu, na katika sensa ya mwaka 1971 "Mwislamu" alihesabiwa kama mtu wa taifa fulani, hata asiyeswali. Tunajua yaliyofuata miaka ya 1990.

Kwa Wanubi, kuzaliwa kwa dini na jeshi kuligharimu. Dola ilipoulizwa ni wa wapi, ilikosa mlima wala mto wa kuwaandikia. Watoto wao walikua bila uhakika wa vitambulisho, hadi mwaka 2011 kamati ya Afrika ya haki za mtoto ikaamua kwamba Kenya ilivunja haki zao. Haboba alisikiliza tukizungumza, kisha akasema jambo moja: "Mimi nimezaliwa hapa Kibos. Nani alikuwa hapa kuniona nikija?"

Jioni tulitembea hadi kwa jirani yao, mzee wa Kanisa la Nomiya. Nilikuwa na hamu naye. Kanisa hilo lilianzishwa na Johana Owalo mwaka 1914, na ndilo kanisa huru la kwanza la Waafrika nchini. Owalo alikuwa amepita kwa Wakatoliki, kwa Waprotestanti na kwa Waislamu, kisha akaeleza maono yake ya mwaka 1907 na kuanzisha njia yake. Waumini wake wanatahiri wavulana siku ya nane. Wajaluo kwa desturi hawakutahiri. Alama yao ya utu uzima ilikuwa kung'oa meno sita ya chini. Kwa hiyo wafuasi wa Owalo walivunja alama kubwa kabisa ya kabila lao, na bado wakabaki Wajaluo kwa lugha, kwa nyimbo na kwa makaburi. Mwaka 2008, serikali ilipoanza mpango wa tohara ya hiari Nyanza baada ya utafiti uliofanyika hapahapa Kisumu kuonyesha kwamba tohara hupunguza maambukizi ya Ukimwi kwa wanaume, wao hawakuwa na la kujifunza.

Mzee alicheka nilipomuuliza kama walitengwa. Walidhihakiwa, alisema, lakini mtu akifa alizikwa na ukoo.

Makaburi. Kila nilipogeuka siku ya leo nilifika hapo. Mwenzangu alinikumbusha kesi ya wakili S.M. Otieno, aliyefariki Desemba 1986. Mkewe, Wambui, Mkikuyu, alitaka kumzika Upper Matasia karibu na Nairobi, kwa hoja kwamba mumewe alikuwa Mkristo wa maisha ya kisasa, ameyaacha ya kijijini. Ukoo wa Umira Kager ukakataa, na Mahakama ya Rufani ikaupa ukoo haki. Mei 1987 akazikwa Nyalgunga, Siaya. Ukristo wake ulimhudumia maisha yote, lakini mwili wake ulikuwa wa ukoo. Nilikuwa mdogo wakati huo na nakumbuka watu wazima wakigombania gazeti. Sasa naelewa walikuwa wakisoma nini.

Jumatano, Jebrok na Kaimosi

Nilipanda barabara ya Kakamega, nikashuka na kuchukua boda hadi Jebrok, makao ya African Israel Church Nineveh. Nilipita tu kusalimia. Vilemba vyeupe tena, bendera, ngoma ya maandamano. Zakayo Kivuli alilianzisha mwaka 1942 baada ya kutoka kwa Wapentekoste wa Nyang'ori, na mwaka 1975 likapokewa katika Baraza la Makanisa Ulimwenguni. Wanajiita Israeli bila kudai damu ya Yakobo. Israeli yao ni ya waliotubu na kuungama dhambi mbele ya watu, Waluhya na Wajaluo bega kwa bega, na hilo nimelipenda. Mama aliyenipokea alinipa ndizi mbivu na kuniombea safari.

Kaimosi ni habari nyingine, kwa sababu ni kwetu. Mwaka 1902 Wamarekani watatu, Willis Hotchkiss, Arthur Chilson na Edgar Hole, walifika hapa na kuanzisha misheni ya Marafiki, ambao wengi huwaita Wakweka. Dini hii ilitoka Uingereza karne ya 17 kwa George Fox, aliyefundisha kwamba nuru ya Mungu imo ndani ya kila mtu, hivyo hakuna haja ya kasisi, ubatizo wa maji wala cheo. Kule Uingereza hukaa kimya saa nzima hadi mtu asukumwe na Roho kunena. Huku kwetu tunaimba, tunahubiri, tunapiga makofi. Na leo nchi yenye Wakweka wengi kuliko zote duniani ni Kenya, na wengi wa hao ni Waluhya. Rafiki wa Uingereza akitafuta ndugu zake walipo wengi, itabidi aje Vihiga.

Imekuwaje kabila moja likawa nyumba ya dini iliyotoka mbali hivyo? Nilimuuliza mzee aliyefundisha katika chuo cha theolojia hapa, na jibu lake lilikuwa kavu na la kweli: ramani. Misheni za Kiprotestanti zilikubaliana kugawana maeneo ili zisigombanie waumini. Marafiki wakapata Kaimosi na kuelekea Maragoli na Bukusu, Church of God wakakaa Kima kwa Wanyore, Waanglikana wa CMS wakawa Maseno. Wakatoliki wa Mill Hill, wasiokuwa ndani ya mapatano hayo, walifika Mumias mwaka 1904. Mtoto aliyezaliwa upande huu wa mto akawa Rafiki, wa upande ule Church of God, na wote wawili wakakua wakiamini kwamba wamechagua. Kisha Emory Rees akatafsiri Agano Jipya kwa Kimaragoli. Kitabu kikishasema kwa lugha ya mama yako, ni vigumu sana kusadiki kwamba kililetwa na mgeni.

Yaliyofuata ndiyo yanayoniuma. Mkutano wa mwaka wa Afrika Mashariki, chombo kinachowaongoza Marafiki, uliundwa mwaka 1946, mmoja kwa wote. Kuanzia miaka ya 1970 ukaanza kumegeka: Wabukusu wakawa na wao, Wamaragoli na wao, Watiriki na wao, Kabras na wao. Wanaosema kila mtu ana nuru ndani yake wakashindwa kukaa chini ya mwenyekiti asiye wa kwao. Nimehudhuria vikao hivyo na baba yangu nikiwa msichana. Walikuwa wakianza kwa kimya cha sala, na katika kimya kile kila mmoja alijua nani yuko upande gani.

Sisemi kwamba ni makosa dini kuvaa nguo za watu. Lazima ivae; haiwezi kutembea uchi. Cucu hawezi kumwimbia Mungu kwa Kiingereza, na asilazimishwe. Lakini naamini kuna tofauti kati ya lugha ya nyumbani na kufuli la mlango, na ni juu ya waumini wenyewe kulilinda hilo, kwa sababu kufuli huwekwa usiku bila tangazo.

Na majirani zetu Watiriki wanafundisha upande mwingine. Desturi zao za jando, zinazowatambulisha mno kati ya Waluhya, walizichukua kwa Waterik, watu wa jamii ya Wakalenjin waliopakana nao. Kwa hiyo hata kile tunachokiita kabila, ukikichimba, kina mgeni ndani yake.

Alhamisi, Maragoli

Nyumbani. Mvua, mahindi yamepanda hadi kiuno. Kaka yangu amekonda kwa mawazo. Wazee wa ukoo walikuja jioni, na nilitaka kusikia wataanza na lipi. Walianza na ukoo wa kijana: ukoo wa baba yake, ukoo wa mama yake, ukoo wa bibi zake. Walipohakikisha hakuna uhusiano wa damu, walitulia kwa muda mrefu. Dini ilitajwa baadaye, na aliyeitaja alikuwa kijana.

Binamu yangu mfanyabiashara, anayekwenda Mbale upande wa Uganda, alitupa habari ya Abayudaya. Semei Kakungulu, jenerali wa Kiganda aliyekosana na Waingereza, alisoma Agano la Kale, na mwaka 1919 akajitahiri pamoja na wanawe na kutangaza kwamba wao ni Wayahudi. Kabla ya hapo hakuna Myahudi aliyewahubiria. Idi Amin aliwapiga marufuku, baadhi wakashikilia. Mwaka 2002 marabi kutoka nje walikuja kuwathibitisha mamia yao kwa taratibu rasmi, na mwaka 2008 Gershom Sizomu akawa rabi kamili. Dini ya Wayahudi humhesabu mtu kwa mama aliyemzaa, lakini huwapokea pia waliojiunga, na Ruthu ni mama wa babu yake mfalme Daudi. Hata hivyo, ugumu wa Abayudaya kukubaliwa na mamlaka za Israeli unaonyesha kwamba kumpata Mungu ni rahisi kuliko kuwapata watu wake.

"Basi binti yetu," mzee mmoja alisema, "watu wake watakuwa nani?"

Hakuna aliyejibu.

Ijumaa, Mumias

Tulifika kabla ya adhuhuri. Mumias ulikuwa makao ya Nabongo Mumia, na kabla Waingereza hawajaja misafara ya Waswahili kutoka pwani ilikuwa ikipumzika hapa ikitafuta pembe na chakula. Uislamu uliingia na wafanyabiashara hao, nyumba ya kifalme ikaupokea, na leo mtu ana jina la Kiarabu na la Kiwanga, na hakuna anayeliona moja kuwa geni. Wanasema Kiwanga nyumbani, wanaswali kwa Kiarabu, na khutuba ni ya Kiswahili. Wajomba zao ni Wakatoliki na Waanglikana. Nabongo aliyefariki mwaka 1949 anaenziwa na wote.

Nilijifunika mtandio na kukaa ukumbini pamoja na mama wa kijana na dada zake, tukisikiliza kipaza sauti cha msikiti. Imamu alisoma aya ya 13 ya Surat al-Hujurat, kwamba Mungu amewaumba wanadamu kwa mwanamume na mwanamke, akawafanya mataifa na makabila ili wajuane, na mbora wao mbele yake ni mchaji zaidi. Akamtaja Bilali Mhabeshi. Sijui kama alijua wageni wangekuwepo.

Kikao kilianza baada ya pilau. Wazee wa pande zote mbili walielewana kwa lugha. Kiwanga na Kimaragoli vinasikilizana ukitega sikio. Mahari ilichukua muda. Kwetu ng'ombe huenda kwa baba wa binti na ndugu zake. Katika Uislamu mahari ni mali ya bibi harusi mwenyewe, hakuna mwingine mwenye haki nayo. Wazee wao, ambao wameshawaoza binti wengi kwa mila, hawakuona shida: ng'ombe kwa ukoo, na mahari ya ndoa mkononi mwa binti. Nilifurahi, nami nikasema wazi kwamba ile ya mkononi mwake iandikwe.

Kisha nikauliza lililonileta. Binti yetu anataka kubaki Rafiki. Sheria ya Kiislamu inamruhusu Mwislamu kumwoa Mkristo, hilo nalijua. Lakini mume akitangulia, je, atarithi?

Sheikh hakuzunguka. Alisema asiye Mwislamu harithi kwa mafungu ya mirathi, ila mume anaweza kumwachia kwa wasia hadi theluthi moja ya mali yake, na vilevile kumpa akiwa hai. Akaongeza kwamba mahakama ya kadhi kikatiba husikiliza kesi ya watu ambao wote ni Waislamu na wamekubali kwenda huko. Kijana aliinua kichwa na kusema ataandika wasia huo kabla ya nikaha, na shamba la nyumba liwe kwa jina la wote wawili. Baba yake alimtazama, kisha akaitikia.

Watoto watakuwa Waislamu. Kaka yangu alimeza mate aliposikia hayo. Aliomba jambo moja, kwamba watoto waletwe Maragoli kila likizo na wajue lugha ya mama yao. Mama wa kijana ndiye aliyejibu, bila kungoja wanaume: "Lugha ya mama yao wataipata wapi kama si kwa mama yao? Watakuja."

Binti akaulizwa kama ana la kusema. Alisimama, sauti ikitetemeka kidogo, akasema anataka Jumapili awe huru kwenda kwa Marafiki, na kwamba hatamkataza mume wake wala watoto kwenda msikitini. Sheikh alichukua kalamu.

Lililobaki ni kaburi. Mzee wetu aliuliza: akifa akiwa Rafiki, atalala kati ya Waislamu wa boma hili, au atarudishwa kwetu, ambako binti aliyeolewa hazikwi? Wazee wa Mumias waliinamiana, wakanong'ona. Mmoja alisema ana sehemu ya shamba, nje ya makaburi ya Waislamu lakini ndani ya boma, ambako walimzika mjomba wao Mkatoliki mwaka ule wa mvua nyingi. Wetu wakasema hawawezi kujibu bila wazee wengine. Jambo hilo limewekwa kwa kikao cha Vihiga, baada ya mavuno, pamoja na hesabu ya ng'ombe.

Tumelala hukuhuku Mumias. Kesho matatu ya kwanza.